Usimuulize "kwenu ni wapi?" kamera ikiwa imewaka

Nilipoanza kurekodi filamu yangu kuhusu Wapoland waliowahi kuishi Tengeru, hapa Arusha, nilikuwa na swali moja nililoliamini kuliko kamera yenyewe: "Bibi, kwenu ni wapi?" Bibi yule aliletwa Tengeru akiwa mtoto. Uzeeni alirudi na wajukuu kuzuru makaburi. Akanitazama. "Kabla ya vita, au baada?" Kisha kimya. Nami, kwa kiherehere cha mtu ambaye betri inamwishia, nikarukia swali la pili. Kimya kile ndiyo ilikuwa filamu yangu, na nilikikatiza mwenyewe.

Sikuwa nimesoma ramani. Bibi alizaliwa karibu na Lwów (tamka "Lvuf", wazee wanaona haya kukusahihisha). Wakati ule ni Poland. Leo ni Lviv, Ukraine. Septemba 1939 Wajerumani waliingia Poland kutoka magharibi, Wasovieti kutoka mashariki, na kuanzia Februari 1940 familia nyingi za upande huo zikapakiwa kwenye treni za mizigo hadi Siberia na Kazakhstan. Hitler alipomgeuka Stalin mwaka 1941, wakaachiliwa. Mwaka uliofuata maelfu wakavuka hadi Iran pamoja na jeshi la Kipoland la Jenerali Anders, na baadhi wakaletwa kwenye kambi za wakimbizi huku kwetu: Masindi na Koja kule Uganda, na Tengeru, iliyofikia watu kama 5,000, wengi wao wanawake na watoto. Vita vilipokwisha, mpaka ulikuwa umesogezwa. Kijiji kipo, nchi imehama. Sasa mtu wa hivyo unamuulizaje kwao?

Muulize nyumba. Mlango ulitazama wapi, nani alilala karibu na jiko. Wapoland, mkesha wa Krismasi, huacha sahani moja tupu mezani kwa ajili ya mgeni asiyetarajiwa. Siku ya pili nilimuuliza bibi sahani hiyo waliiweka wapi ndani ya kibanda chao cha duara pale kambini. Akacheka: meza gani? Walikula juu ya sanduku la safari. Akaongea dakika arobaini bila mimi kutia neno.

Na usimkate achanganyapo lugha. Alisali Kipoland, akahesabu ndizi kwa Kiswahili chake cha sokoni. Mkalimani wangu alitaka kumrudisha kwenye Kipoland "safi"; nikamwomba akakae kwenye gari. Tafsiri inasubiri.

Jambo la mwisho ni la kiufundi, nalo lilinigharimu nauli. Rekodi sauti ya mahali penyewe, dakika mbili tatu, watu wakiwa wamenyamaza. Pale makaburini, penye makaburi karibu 150, nilisahau. Ikabidi nirudi peke yangu wiki iliyofuata, nikasimama na maiki kama mwehu. Nilipata upepo, ng'ombe kwa mbali, na fagio la mlinzi likipita kwenye majani makavu. Fagio hilo ndilo linalofungua filamu.