Nafasi isiyo na maneno

Mwanangu Zawadi,

Hujambo? Sisi huku hatujambo, mvua imeanza na baba yako hashikiki shambani.

Swali lako la Jumapili limenikesha. Ulisema umeitwa kwenye filamu, ukapewa mhusika bubu asiye na sentensi hata moja. Ukaniuliza: mtu aliyekaa jukwaani miaka sita, anayesifiwa sauti, hajishushi akikubali? Simuni nilisita kwa sababu nilimkumbuka mtu mmoja, na sikutaka kukueleza habari zake nusunusu.

Ni mwigizaji Béla Lugosi. Wengi wanamjua kwa filamu ya Dracula ya 1931, basi. Mimi nilipokuwa nafundisha historia ya maonesho nilianza naye mbali zaidi, kwao Hungaria. Alizaliwa 1882 katika mji wa Lugos, ambao leo uko Romania. Jina la ukoo lilikuwa Blaskó. Hilo la Lugosi alilichukua kutoka mji wake alipoingia kwenye uigizaji. Alianza na vikundi vya mikoani, akapanda hadi kucheza Romeo. Mwaka 1913 akaingia Ukumbi wa Taifa wa Budapest, mahali ambapo kila mwigizaji wa nchi ile alipaota. Kufika huko, Romeo wa mikoani akawa mtu wa nafasi ndogondogo. Kisha vita ikamchukua. Alikuwa luteni wa askari wa miguu, akajeruhiwa, akaachiwa 1916.

Mwaka uliofuata akaanza kucheza filamu bubu, zile zisizo na sauti, za kampuni ya Star, nyingi zikiongozwa na Alfréd Deésy. Humo akapewa nafasi kubwa ambazo Ukumbi wa Taifa haukumpa. Ila hakutumia jina lake. Alijiita Arisztid Olt. Watu wa jukwaani enzi hizo waliiona sinema kama burudani ya viwanja vya maonesho, na naamini alikuwa analilinda lile jina la ukumbini, maana ajira yake huko aliendelea nayo hadi 1919. Kwa hiyo aibu unayoisikia wewe, mwanangu, ina zaidi ya miaka mia.

Sasa tazama alichokutana nacho. Ukumbini, mwigizaji anaitupa sauti hadi kiti cha nyuma kabisa, na mkono unaifuata sauti. Mbele ya kamera bubu sauti haina kazi. Mikanda ya kamera ya wakati ule haikuiona rangi nyekundu, ikaitoa nyeusi, hivyo uso ulipakwa rangi ya kupauka ili usionekane kama wa mgonjwa. Mandhari hazikupigwa kwa mpangilio wa hadithi. Unaweza kulia msiba asubuhi, mchana ukachumbiwa. Na kamera ikisogea, kope tu zikicheza, tayari umesema jambo. Mtu aliyezoea kujaza ukumbi ilibidi ajifunze kupunguza, na kupunguza ni kugumu kuliko kuongeza. Hili nimelishuhudia kwa wanafunzi wangu wote, hata wewe ulipokuwa mdogo unaigiza sebuleni.

Jambo linalonigusa zaidi ni lugha. Kihungari hakina undugu na Kijerumani, wala Kiromania, wala lugha za Kislavoni zinazokizunguka. Mwigizaji wa Budapest, hata awe hodari vipi, sanaa yake iliishia mpakani. Filamu bubu ilivuka: ulibadilisha tu vile vibao vya maandishi vya katikati, ikaeleweka Vienna na Berlin. Lugosi hakujua angeuhitaji mlango huo upesi kiasi kile. Mwaka 1919 alishiriki kuunda chama cha wafanyakazi wa maigizo wakati wa mapinduzi, na serikali ya kikomunisti ya Béla Kun ilipoanguka Agosti mwaka huo, hapakukalika tena. Akapitia Vienna, akafika Ujerumani, na 1920 mwongozaji F. W. Murnau akamchezesha mtumishi wa nyumbani katika filamu ya Der Januskopf. Filamu hiyo imepotea, na sehemu kubwa ya alizocheza Hungaria pia. Inaniuma sana. Uso uliofanya kazi yote ile, hatuwezi kuutazama.

Desemba 1920 aliteremka New Orleans, Marekani, Kiingereza hana. Kwa mchezo wake wa kwanza wa Kiingereza jukwaani, mwaka 1922, mistari aliikariri kwa sauti zake tu, kama mtoto wa chuoni anayesoma Kiarabu kabla hajakielewa. Mwaka 1923 akaingia filamu yake ya kwanza ya huko, bubu, na humo lafudhi haikumzuia mtu. Macho aliyoyafundisha Budapest yalikwenda naye.

Kwa hiyo hapana, sioni kama unajishusha. Swali langu ni jingine, nalo umuulize mwongozaji kabla ya kusaini: kamera itakuwa umbali gani na uso wa huyo bubu? Kama atamweka nyuma ya watu kama pambo, kataa, na jukwaani usiondoke. Kama kamera itasogea, chukua. Na mkataba usome wote, hasa siku za kupiga picha zisigongane na maonesho yenu ya Ijumaa, wenzako wanakutegemea.

Ukija mwisho wa mwezi, nitakaa kwenye kiti cha baba yako karibu na dirisha. Utanieleza ulivyoamua bila kufungua mdomo, nami nitakuambia nilichoelewa.

Mama yako akupendaye