Maswali na majibu: Sabuni isiyo na pH haipo

Katika safu iliyopita nilitaja kwa sentensi moja tu kwamba maji ya ndimu yana pH ya 2 na ushei, nikaendelea na mambo mengine. Kumbe nimechokoza nyuki. Wameandika wanafunzi, wakulima, mpika sabuni na hata mfasiri. Nimechagua barua saba na kuzifupisha kidogo.

pH ni kifupisho cha nini? Na kwa nini p ni ndogo halafu H ni kubwa? Mwalimu alituambia tukariri tu. (Mwanafunzi wa kidato cha tatu, Iringa)

H haina ubishi. Ni alama ya haidrojeni, na alama ya elementi huanza kwa herufi kubwa. Kinachopimwa ni wingi wa ioni (chembe zenye chaji ya umeme) za haidrojeni katika maji au katika chochote kilichoyeyuka majini.

Kesi iko kwenye p. Alama hii ilibuniwa mwaka 1909 na Søren Sørensen, Mdenmaki aliyeongoza idara ya kemia ya Carlsberg Laboratory mjini Copenhagen, maabara iliyoanzishwa na mwenye kiwanda cha bia. Alikuwa akichunguza vimeng'enya, yaani protini zinazoharakisha kazi za kemia katika viumbe hai, na vimeng'enya vina deko: uasidi ukipanda au kushuka kidogo tu, vinagoma kufanya kazi. Kwa hiyo ilimbidi aandike vipimo vya uasidi kutwa, na vipimo vyenyewe vilikuwa namba zenye msururu wa sifuri. Wengi husema p ni "kipeo", kwa sababu Sørensen alichapisha kwa Kijerumani, Kifaransa na Kidenmaki, na neno la kipeo katika lugha zote tatu huanza na p. Wapo wanaobisha kwamba ilikuwa herufi tu ya kwenye hesabu zake, pacha wa q. Mwenyewe hakueleza, kwa hiyo mwalimu wako ana sababu ya kukwepa. Lakini kukariri si lazima.

Chukua maji safi yasiyo na kitu, kwenye nyuzi joto 25. Lita moja ina moli 0.0000001 za ioni za haidrojeni (moli ni kizio ambacho wanakemia huhesabia chembe). Hesabu sifuri zote, pamoja na ile iliyo mbele ya nukta. Ni saba, na pH ya maji safi ni 7. Kimiminika chenye moli 0.001 kwa lita kina sifuri tatu, basi pH yake ni 3. Ile "logi hasi" inayowatoa jasho ni njia ya kuhesabu sifuri hata pale namba inapokuwa na vipande. Sasa ona jambo linalowapoteza wengi: ioni zikiongezeka, sifuri zinapungua. Uasidi unapanda huku namba inashuka. Chini ya 7 ni asidi, juu ya 7 ni alkali, yaani kinyume cha asidi.

Napika sabuni za mche nyumbani. Mteja wangu mkubwa anataka sabuni "isiyo na pH" kwa sababu ngozi yake ni laini. Nifanyeje? Nikitia ndimu itatoka? (Mama mjasiriamali, Mbagala)

Haitoki, mama, kwa sababu haikuingia. pH ni kama joto la chumba. Huwezi kumwambia fundi akujengee chumba kisicho na joto. Kitakuwa na nyuzi 20, au 30, au 5, lakini nyuzi fulani kitakuwa nazo. Vivyo hivyo kila kimiminika chenye maji, na povu la sabuni likiwemo, kina pH yake. Nadhani mteja wako ameona chupa dukani iliyoandikwa pH 5.5, akafahamu kwamba pH ni kemikali mbaya iliyopunguzwa humo.

Hiyo 5.5 inatoka kwenye ngozi. Uso wa ngozi yenye afya una uasidi kidogo, pH ya 5 hivi, na sabuni za maji za viwandani zinaweza kulinganishwa nayo kwa sababu nyingi si sabuni halisi, ni visafishaji vya kemikali nyingine. Sabuni yako ya mafuta na kostiki kwa asili yake inasimama kati ya 9 na 10. Ukiilazimisha ishuke hadi 5.5, inaacha kuwa sabuni: inavunjika na kurudi kuwa asidi za mafuta, povu linakufa, unabaki na kitu cha kunata kama nta. Ndimu nayo italiwa na kostiki kabla haijafika kokote, na mafuta yaliyokosa kostiki ya kuungana nayo yatabaki ndani ya mche.

Mwambie mteja ukweli: sabuni ya mche ina pH ya juu, ngozi hujirudisha yenyewe baada ya muda, na kama ngozi yake inakauka na kuwasha, sabuni ya mche haimfai hata ingekuwa ya nani. Kazi yako wewe ni nyingine. Pima kostiki kwa mizani, si kwa kikombe, na uache miche ikomae wiki nne kabla ya kuuza. Sabuni inayosoma 11 au zaidi bado ina kostiki iliyobaki. Hiyo usimuuzie mtu.

Nimepeleka udongo maabara. Shamba langu la mahindi ni 4.8, la jirani ni 5.8. Tofauti ya moja tu, mbona mahindi yake yananizidi mara tatu? (Mkulima, Njombe)

Hiyo "moja tu" ndiyo iliyokuponza. Ngazi za pH si za kuongeza, ni za kuzidisha. Kila hatua moja ni mara kumi, kwa hiyo maji ya udongo wako yana ioni za haidrojeni mara kumi kuliko ya jirani. Hatua mbili ni mara mia. Hata 0.3, ambayo mtu angeipuuza, ni karibu mara mbili. Ndiyo maana hata wastani wa pH haukokotolewi kwa kujumlisha na kugawa. Ukichanganya lita ya asidi nyepesi ya pH 4 na lita ya pH 6, hupati 5. Unapata kama 4.3, kwa sababu ile kali inaimeza nyenzake.

Lakini si uasidi wenyewe unaotafuna mahindi. Udongo umejaa alumini, ambayo kwa kawaida imelala ndani ya udongo wa mfinyanzi bila kumdhuru mtu. pH ikishuka chini ya 5.5 alumini inaanza kuyeyuka, na chini ya 5 mambo huwa mabaya. Ng'oa mche mmoja wa mahindi yako, uoshe, utazame mizizi. Kama ni mifupi, minene, imevimba ncha na haina vijizizi vyembamba vya pembeni, hiyo ni kazi ya alumini. Mzizi wa namna hiyo haufiki kwenye maji jua likikaza. Juu ya hapo, alumini na chuma huikamata fosfati, kwa hiyo sehemu kubwa ya mbolea ya kupandia uliyonunua kwa bei mbaya inafungiwa humohumo ardhini.

Jirani mwingine mwenye chai hapo Njombe atakucheka, maana chai inapenda 4.5 hadi 5.5. Namba yako si mbaya. Ni mbaya kwa mahindi.

Dawa ni chokaa ya kilimo, ila usininukuu mifuko mingapi. pH inakuambia hali ilivyo leo, haikuambii udongo utashindana kiasi gani na chokaa. Mfinyanzi mweusi wenye mboji nyingi unaweza kuhitaji chokaa maradufu ya udongo wa kichanga, hata kama vyote vinasoma 4.8. Iombe maabara ikupe mahitaji ya chokaa, na uiulize walipima kwa maji au kwa mmumunyo wa kloridi ya kalsiamu, kwa sababu kipimo cha pili kwa kawaida husoma chini kwa nusu hatua hadi moja. Pengine wewe na jirani hamkupimiwa kwa njia moja, na tofauti yenu ni ndogo kuliko mnavyodhani! Chokaa imwagwe na kuchanganywa na udongo wiki kadhaa kabla ya kupanda, isikutane na mbolea ya amonia siku moja, la sivyo naitrojeni inapaa hewani. Na kama umekuwa ukitumia SA (mbolea ya salfeti ya amonia) miaka yote, huyo ni mmoja wa waliokufikisha hapo.

Ni kweli maji ya ndimu asubuhi yanaifanya damu iwe alkali? (Msomaji, Mombasa)

Si kweli. pH ya damu inashikiliwa kati ya 7.35 na 7.45, na wanaoilinda ni mapafu yanayotoa kaboni dioksidi na figo zinazotoa asidi kwenye mkojo. Ikitoka nje ya mpaka huo, mtu anatafuta hospitali, hatafuti ndimu. Tumbo lenyewe lina asidi inayolingana na ndimu au kuizidi, kwa hiyo ndimu ikifika huko ni mgeni mnyonge. Kinachoweza kubadilika ni mkojo, na hapo ndipo wauzaji wa karatasi za kupimia wanapopata wateja.

Penye madhara ni mdomoni. Gamba la jino huanza kuyeyuka pH ikishuka hadi kama 5.5. Ukiyapenda maji yako, yanywe kwa mrija, usukutue kwa maji matupu, na usipige mswaki papo hapo.

Mbona vitabu vyote vinaandika 0 hadi 14? Ndiyo mwisho wa dunia? (Msomaji, Nairobi)

Ni mwisho wa mchoro tu. Asidi nzito ya haidrokloriki kutoka kwenye chupa ya maabara iko chini ya sifuri, na maji yaliyokusanywa katika mgodi wa Richmond kule California yalipimwa yakawa na −3.6. Hata ile 7 ya katikati ni ya nyuzi 25. Maji safi yanayochemka yanasoma kama 6.1 na bado si asidi, kwa sababu ioni za pande zote mbili, za haidrojeni na za haidroksidi zilizo upande wa alkali, zimeongezeka sawasawa.

Sina mashine. Naweza kupima jikoni? Natilia magadi maharage, nataka kujua nimezidisha lini. (Mama ntilie, Dodoma)

Uko mji wenye choya, yale maua mekundu ya rozela, basi umepata kiashiria cha bure. Nilijaribu jana usiku. Nilichemsha konzi ya choya katika kikombe kimoja cha maji hadi ikawa nyekundu ya damu, nikapanga visahani vinne vyeupe. Choya yenyewe ni asidi, kwa hiyo siri ni kutia matone mawili matatu ya choya kwenye kijiko kikubwa cha kitu unachopima. Ukigeuza, choya ndiyo itakayokupima wewe.

Kwenye ndimu matone yalibaki mekundu, yakang'aa. Kwenye maji ya bomba yakawa waridi hafifu. Maji yaliyooshea sabuni ya mche yakawa na rangi ya jivu la buluu. Kwenye maji ya magadi rangi iligeuka kijani cha bwawa papo hapo, na nilipomaliza kuosha sufuria nikakuta imekuwa njano chafu, kwa sababu rangi ya choya haivumilii alkali kali. Namba kamili hutapata, lakini utajua uko upande gani.

Magadi yetu ni mchanganyiko wa kaboneti na bikaboneti ya sodiamu, yanayoganda kwenye maziwa kama Magadi na Natron, ambako pH ya maji hufika 10, na kule Natron flamingo wanazaliana bila wasiwasi. Kwenye sufuria alkali inalegeza pektini inayoshikanisha seli za haragwe, ndiyo maana kuni zinapona. Malipo yake ni vitamini B1, ambayo alkali inaiharibu. Matone ya choya kwenye mchuzi wa maharage yakigeuka kijani, umezidisha. Ulimi nao utakuambia: ladha ya sabuni haijifichi.

Nafasiri maelekezo ya bwawa la kuogelea la hoteli. pH kwa Kiswahili ni nini, na iko ngeli gani? (Mfasiri, Zanzibar)

Iache ilivyo, pH, na iingie ngeli ya i-zi: pH imepanda, pH yake, pH hii. Tunaisoma "pi-echi", Bukavu na Bujumbura, walikosomea Kifaransa, utasikia "pe-ashi". Nimeona mtu ameandika "kiwango cha uchachu", na nikafikiria maji ya bwawa yameachwa yachache kama togwa. "Kipimo cha uasidi" kinafaa kwa maelezo ya mara ya kwanza, mara moja tu. Neno tindikali liache kwa maji ya betri na habari za polisi; kwa bwawa na shamba sema asidi.

Unachopaswa kukiogopa ni kivumishi. "pH nyingi" na "pH kali" ziepuke kabisa, kwa sababu mtunza bwawa akisoma "pH kali" atafikiri asidi imezidi, kumbe ulikuwa na maana ya namba kuwa juu, yaani asidi imepungua, naye atamwaga dawa kinyume. Andika namba na tendo: "pH iwe kati ya 7.2 na 7.8. Ikipita 7.8, klorini inakuwa goigoi: shusha pH. Ikishuka chini ya 7.2, macho ya waogaji yatawasha na vyuma vitaliwa: pandisha pH."