Saa Sita Mchana, Januari 20: Maswali Yenu Kuhusu Kuapishwa kwa Rais wa Marekani

Tangu nilipogusia kiapo cha marais wa Marekani, maswali yamekuwa mengi kuliko nafasi niliyonayo. Yaliyofanana nimeyaunganisha. Majibu mengine ni marefu, mengine mafupi, kwa kuwa mambo yenyewe hayalingani uzito.

Shikamoo. Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha tano, Morogoro. Kwa nini Wamarekani wanapiga kura Novemba halafu rais anaapishwa Januari? Hapa kwetu haichukui hata wiki mbili.

Marahaba, mwanangu. Ni kweli: Katiba yetu inataka rais aapishwe ndani ya siku saba tangu atangazwe mshindi. Majirani zetu Kenya husubiri kidogo zaidi, hadi Jumanne ya kwanza baada ya siku 14 tangu matokeo kutangazwa, kama hakuna aliyekwenda mahakamani.

Wamarekani zamani walisubiri zaidi ya hivi sasa, mpaka Machi 4. Nchi ni kubwa, njia zilikuwa za matope, na habari zilikwenda kwa mwendo wa farasi. George Washington aliapa Aprili 30, 1789, mjini New York, maana hata Bunge lenyewe lilichelewa kupata akidi ya kuhesabu kura. Basi miezi minne ikawa desturi, na desturi hiyo ikaja kuwagharimu. Abraham Lincoln alichaguliwa Novemba 1860. Kabla hajaapa Machi 1861, majimbo saba ya kusini yalikuwa yameshatangaza kujitenga, na yeye hakuwa na mamlaka ya kufanya lolote. Hali ikajirudia kwa sura nyingine Franklin Roosevelt alipomshinda Herbert Hoover mwaka 1932. Aliyeshindwa hana nguvu tena, aliyeshinda hajakabidhiwa, na katikati yao benki zinafungwa jimbo baada ya jimbo huku watu wamepanga foleni nje wakitaka akiba zao.

Marekebisho ya 20 ya Katiba, yaliyoidhinishwa Januari 1933, ndiyo yaliyosogeza tarehe. Wa kwanza kuapa Januari 20 alikuwa Roosevelt huyohuyo, mwaka 1937.

Miezi miwili iliyobaki ina kazi zake. Wajumbe 538 wa uchaguzi, ambao kura zao ndizo zinazomchagua rais rasmi, huzipiga Desemba, Bunge huzihesabu Januari 6, na rais mteule hutafuta watu wa kujaza nafasi zipatazo 4,000, ambazo zaidi ya 1,000 kati yake zinahitaji kuthibitishwa na Seneti. Mimi bado naona muda huo ni mrefu mno. Nchi yenye watu wawili wanaotazamwa kama wakubwa haina mkubwa.

Niko Muscat. Tukae mbele ya televisheni saa ngapi? Na je, anakuwa rais akimaliza kuapa au akianza?

Saa sita mchana ya Washington ni saa tatu usiku kwako, saa mbili usiku Dar es Salaam na Nairobi, na saa moja usiku Bukavu.

Swali lako la pili ndilo zuri zaidi, na jibu lake huwashangaza wengi. Urais hauanzi na kiapo, unaanza na saa. Katiba inasema muhula wa rais aliyepo unakwisha saa sita kamili, na wa mpya unaanza papo hapo. Kiapo kinatakiwa kabla hajaanza kazi, lakini saa haimsubiri mtu. Joe Biden mwaka 2021 aliapa dakika kadhaa kabla ya saa sita, kwa hiyo kwa dakika hizo alikuwa ameapa ila urais bado ni wa Donald Trump. Mwaka 2009 ilikuwa kinyume. Saa sita ilipofika, wanamuziki walikuwa bado wanapiga vinanda vyao katika baridi ile, na Barack Obama ameketi kitini anasikiliza. Hajatamka hata neno moja, na tayari ni rais. Usiku ule nilitazama pamoja na jirani zangu, sote tukisubiri kiapo, na hakuna aliyejua kwamba lililokuwa likisubiriwa lilikuwa limeshapita. Bibi Sarah Obama alikuwa amesafiri kutoka Kogelo kwenda kulishuhudia.

Ni kweli Obama aliapa mara mbili kwa sababu alikosea? Kutoka Kisumu.

Ni kweli, ila kosa lilianza kwa Jaji Mkuu John Roberts. Kiapo kimeandikwa ndani ya Katiba yenyewe, kwa Kiingereza ni maneno 35 tu, na kwa lugha yetu kinasema hivi: naapa kwa dhati kwamba nitatekeleza kwa uaminifu kazi ya Rais wa Marekani, na kwa kadiri ya uwezo wangu wote nitaihifadhi, nitailinda na kuitetea Katiba ya Marekani. Roberts alisoma kwa kichwa, bila karatasi, akalipeleka neno “kwa uaminifu” mahali pasipo pake. Obama akasita, wakachanganyana.

Kesho yake jioni walikutana katika chumba kimoja cha Ikulu, jaji akavaa joho lake, na kiapo kikarudiwa taratibu mbele ya watu wachache. Alianza muhula wa pili mwaka 2013, na kwa kuwa Januari 20 iliangukia Jumapili, aliapa faraghani siku hiyo na hadharani siku iliyofuata. Kwa hiyo ukihesabu zote, Obama aliapa mara nne.

Tazama kiapo chenyewe kinamfunga kwa nani. Hakitaji chama wala jeshi, kinataja Katiba peke yake.

Lazima ashike Biblia? Mwislamu akichaguliwa itakuwaje? Msomaji wa Mombasa.

Si lazima, ndugu yangu. Katiba haikutaja kitabu chochote, na Ibara ya Sita inakataza kabisa dini kuwa sharti la cheo cha umma. Inampa hata nafasi asiyetaka kuapa athibitishe tu, yaani aahidi bila kula kiapo. Franklin Pierce alifanya hivyo mwaka 1853. John Quincy Adams alishika kitabu cha sheria. Theodore Roosevelt mwaka 1901 hakushika kitu. Donald Trump mwaka 2025 hakuweka mkono juu ya Biblia zilizokuwa zimeshikwa na mkewe, na kiapo chake ni halali vilevile. Kuhusu Kurani, Keith Ellison, Mwislamu wa kwanza kuchaguliwa katika Baraza la Wawakilishi, aliitumia mwaka 2007 katika hafla yake, tena nakala iliyokuwa mali ya Rais Thomas Jefferson.

Rais akifariki ghafla usiku, Jaji Mkuu anaamshwa? Mama mwenye duka, Tabora.

Mama, swali lako limenirudisha kwenye kisa ninachokipenda kuliko vyote katika habari hizi. Agosti 2, 1923, Rais Warren Harding alifariki San Francisco. Makamu wake, Calvin Coolidge, alikuwa kijijini Plymouth Notch, jimbo la Vermont, nyumbani kwa baba yake. Nyumba haina umeme, haina simu. Mjumbe akaja usiku wa manane kugonga mlango. Mzee John Coolidge ndiye aliyeamka, akapanda ngazi kumwita mwanawe.

Mzee yule alikuwa na cheo kidogo cha kijijini, ofisa wa kushuhudia viapo na hati, kama yule mnayempelekea karatasi za shamba azigonge muhuri. Basi saa nane na dakika 47 usiku, kwenye sebule ndogo, kwa mwanga wa taa ya mafuta ya taa, baba akamwapisha mwanawe urais wa Marekani. Kisha rais mpya akarudi kulala. Baadaye wanasheria walitia shaka kama ofisa wa jimbo ana mamlaka hayo, naye akaapa tena Washington kimyakimya.

Kwa hiyo Jaji Mkuu ni desturi tu. Rais John Kennedy alipouawa kwa risasi mjini Dallas, Novemba 22, 1963, makamu wake Lyndon Johnson aliapishwa siku hiyohiyo ndani ya ndege uwanjani hukohuko na Jaji Sarah Hughes, mwanamke pekee aliyewahi kumwapisha rais wa Marekani. Kitabu kilichopatikana ndani ya ndege kilikuwa cha misa ya Kikatoliki. Pembeni alisimama mjane Jacqueline Kennedy, nguo yake bado ina damu ya mumewe.

Anayeondoka asipohudhuria, makabidhiano yanaharibika? Bujumbura.

Kisheria hapana. John Adams aliondoka alfajiri mwaka 1801 bila kumwona Jefferson akiapa. John Quincy Adams hakwenda mwaka 1829, Andrew Johnson mwaka 1869, wala Trump mwaka 2021. Hata hivyo nasikitika kila ninaposoma visa hivyo, kwa sababu kumwona aliyeshindwa ameketi hatua chache nyuma ya aliyemshinda ndiyo picha ninayoitafuta kwanza katika hafla nzima. Wakati huohuo, wafanyakazi wa Ikulu wana kama saa tano tu za kutoa nguo za familia moja na kupanga za nyingine, hadi miswaki.

Uliuliza pia kama rais anaweza kuchaguliwa mara ya tatu. Marekebisho ya 22, ya mwaka 1951, yanasema hakuna atakayechaguliwa zaidi ya mara mbili, mfululizo au kwa kupishana.

Ndugu zangu wako kambi ya Nyarugusu, Kigoma. Walishahojiwa, walishapimwa afya, wakasimamishwa. Siku moja tu inawezaje kufuta miaka? Mkongo anayeishi Ohio.

Pole sana, kaka. Nimeweka swali lako mwisho ili nilipatie nafasi.

Baada ya hafla rais huketi mezani na kalamu, na anachosaini ni amri za kiutendaji, ambazo hazisubiri Bunge. Januari 20, 2025 Trump alisaini moja iliyosimamisha mpango wa kupokea wakimbizi kuanzia Januari 27, na nyingine iliyosimamisha misaada ya maendeleo kwa nchi za nje kwa siku 90. Wakongo ndio waliokuwa kundi kubwa kuliko yote lililopokelewa Marekani katika mwaka wa fedha 2024, kwa hiyo pigo liliangukia kwenu kwanza. Watu walikuwa wameshauza magodoro na masufuria, tiketi mkononi. Amri ya pili iligusa huku pia: wahudumu wa kliniki zilizolipwa na fedha za Marekani waliambiwa wabaki nyumbani, Kenya, Uganda na hapa Tanzania.

Inawezekana kwa sababu sheria ya wakimbizi ya mwaka 1980 inamwachia rais kupanga idadi ya kila mwaka, na kwa mwaka wa fedha 2026 ilipangwa 7,500, ndogo kuliko zote tangu sheria hiyo itungwe. Palipo na ukuta wa Katiba, mahakama huweza kuzuia. Amri ya kubana uraia wa kuzaliwa ilisimamishwa na jaji wa Seattle siku tatu tu baada ya kusainiwa. Penye hiari ya rais, kalamu huandika na kalamu hufuta. Biden siku ya kwanza alifuta mpango wa nchi yake kujitoa Shirika la Afya Duniani, Trump naye siku ya kwanza akasaini amri ya kuiondoa tena.

Waambie ndugu zako wasitupe karatasi yoyote, hata ile iliyokwisha muda, na wasimlipe mtu anayedai anaweza kuwasogeza mbele kwenye orodha. Muhula huu unakwisha Jumamosi, Januari 20, 2029. Huko Nyarugusu itakuwa saa mbili usiku.