Pointi za wanafunzi ziligeuka oktoba: Excel, tarehe, na kazi niliyoipoteza

Juzi usiku nilipata meseji ya dada mmoja wa Likasi, anaingiza pointi kwenye ordinateri ya shule kwa Excel, ile programu ya kutengeneza majedwali. Ameandika hivi: "Yaya, nisaidie, naandika 8/10 Excel inaweka 08-oct, nafuta inarudi, nafuta inarudi, na kesho asubuhi Papa Prefe anataka listi." (Prefe ni mkuu wa shule.) Na picha juu yake. Kolone nzima oktoba, 06-oct, 09-oct, 04-oct, toka juu mpaka chini. Moyo ulinipiga, juu ile picha mimi naijua, nilishaiona kwenye ekrani yangu mwenyewe hapa Lubumbashi mwezi wa 11 mwaka 2019, na ilinigharimu kazi ambayo mpaka leo nikipita mbele ya ile shule naangalia upande mwingine.

Nilimujibu usiku uleule. Lakini nimeona niandike kwa wote, juu wewe unayesoma hapa najua unataka nini: unataka bilo yako (ofisi), masini yako mbili tatu, printa nzuri, na watu wa komini nzima wajue ukitaka kazi safi unaenda kwa fulani. Mimi pia njo nilikuwa nataka hivyo.

Wakati ule nilikuwa na kibanda kule komini ya Katuba, ordinateri moja, printa moja, fotokopi. Shule moja ya sekondari ikanipa kazi ya buleteni, zile karatasi za matokeo ya wanafunzi, za peryodi ya kwanza, madarasa manne. Kwangu ilikuwa kazi kubwa, nilimwambia mama yangu kabla hata sijapewa avansi. Walimu wakaniletea madaftari ya pointi, na kama unajua madaftari ya walimu wetu unajua vile wanaandika: 7/10, 8/10, 12/20, pointi na maxima yake (ile 10 ama 20, pointi za juu kabisa) pamoja. Mimi nikaandika kama nilivyoona. Kosa lilianzia hapo.

Excel ya Kifaransa ikiona 8/10 inasoma siku ya 8 mwezi wa 10. Haikuulizi. Inaweka tarehe ndani ya kisanduku, inaongeza na mwaka unaoishi, na inakuonyesha 08-oct. Nikasema labda ni sura tu, nikaenda kwenye "Format de cellule" nikachagua "Standard" ili irudi kama nilivyoandika, ikatoa 43746. Nilidhani masini imeharibika. Kumbe haijaharibika: Excel inahifadhi tarehe kama hesabu ya siku, tarehe 1 januari 1900 ni namba 1, na kwa hesabu yake Excel tarehe 8 oktoba 2019 inakuwa 43746. Maana yake ile 8/10 yako haiko tena mahali popote ndani ya faili. Hii watu wengi hawaielewi: kubadilisha formati nyuma ya kuandika hakurudishi kitu, ni kuchelewa.

Sasa sikiliza vizuri, juu hapa njo nilianguka. Ilikuwa usiku, umeme umekatika, niko kwenye jenereta ya jirani na mafuta nalipa mimi. Nikakumbuka kuna fonksio ya JOUR, inatoa siku ndani ya tarehe. Nikajaribu kwenye pointi za juu ya 10 (yaani zenye maxima 10): JOUR ya 08-oct inatoa 8, ya 06-oct inatoa 6. Safi kabisa! Nilifurahi, nikajiona fundi, nikavuta ile formula mpaka chini, kisha nikaivuta na kwenye kolone zingine zote, hata zile za pointi juu ya 20.

Juu ya 20 mambo hayako hivyo. Hakuna mwezi wa 20. Excel ikiona 12/20 inasema basi hii ni mwezi wa 12 mwaka 2020, inaweka déc-20, na ndani inahifadhi tarehe 1 desemba 2020. Siku yake ni ya kwanza. Kwa hiyo JOUR ikatoa 1. Mtoto aliyepata 12 akapata 1, aliyepata 9 akapata 1, aliyepata 4 pia 1, wote toka 1 mpaka 12 wakawa na 1. Na waliopata 13 kwenda juu? Hakuna mwezi wa 13, Excel ikashindwa kuzigeuza, ikaziacha maneno tu, 13/20, 16/20, na JOUR ikatoa #VALEUR!, alama ya kosa. Zile nikaziona juu zinapiga kelele, nikazirekebisha moja moja kwa mkono. Zile za 1 hazikupiga kelele. Zilikaa pale kama pointi za kawaida. Nikasema mtihani wa hesabu ulikuwa mgumu, nikaprinti.

Angalia vizuri ni nani aliumia. Wenye nguvu pointi zao zilibaki. Wa katikati na wadogo, wale wanaohangaika na 10, na 11, na 12, njo walishushwa wote mpaka 1. Siku ya kutoa buleteni baba mmoja alikuja na mtoto wake pamoja na daftari ya mtoto, na kwenye karatasi ya interogasio 12/20 iko na wino mwekundu wa mwalimu na sinyatire yake, na kwenye buleteni yangu iko 1. Pursanti yake (asilimia) ilikuwa chini ya 50. Yule mtoto alikuwa amesimama anashika mkono mmoja na mwingine, hakusema neno. Alikuwa ameshapigwa nyumbani, baba alisema hivyo mbele ya watu wote. Prefe akaita buleteni zote zirudi, madarasa yote manne. Nilizirudia bure, karatasi yangu, wino wangu, siku tatu, na peryodi ya pili kazi ikapewa mtu mwingine. Hakuna aliyenitukana. Walinyamaza tu, na ile inaumiza zaidi.

Miaka imepita, leo nafanya buleteni za shule kadhaa na sijarudia kosa hilo, nasema kwa kifua. Lakini usinidanganye kwamba ni mambo madogo ya formati. Ni mtoto.

Haya, sasa ufanye nini.

Kwanza kabisa, usiandike mukwaju, ile alama ya /. Pointi ni 8. Andika 8. Maxima yake inakaa juu kwenye kichwa cha kolone, "Hesabu /10", mara moja, basi. Ukiandika 8 peke yake Excel haina tarehe ya kutengeneza, na SOMME (jumla) na MOYENNE (wastani) zinafanya kazi, wakati 8/10 hata kama ingebaki maneno huwezi kuijumlisha, SOMME inaruka maneno bila kukuambia. Na kama prefe anataka kabisa aone 8/10 kwenye karatasi (kuna wanaokataa namba tupu), chagua kolone, bonyeza Ctrl na 1, nenda "Personnalisée", na pale kwenye "Type" andika Standard"/10". Ukiandika 8 itaonyesha 8/10, ukiandika 7,5 itaonyesha 7,5/10, na ndani imebaki namba safi. Hii ningeijua 2019 ningekuwa mtu mwingine.

Pili, vitu ambavyo si hesabu, kama namba ya nyumba 3/5, namba ya loti 10-12, namba ya simu, kodi (code) ya mteja: chagua kolone nzima KABLA ya kuandika, Ctrl na 1, "Texte". Kabla. Narudia kabla, juu kila mtu anayeniandikia amefanya nyuma. Ukipesti kutoka WhatsApp pia, tayarisha kolone kwanza, kisha pesti maneno peke yake bila formati yake. Kama ni kisanduku kimoja tu, anza na apostrofi, '3/5, kwenye klavie ya AZERTY, ile ya Kifaransa, iko palepale kwenye 4, bila kubonyeza Maj (Shift). Ile apostrofi haitaonekana kwenye karatasi.

Kuna wanaofundisha kuweka sifuri na nafasi, 0 3/4, ili Excel ielewe ni sehemu. Ni kweli inafanya kazi, kwa fundi seremala au mpishi wa keki ni nzuri. Kwa pointi hapana, ukiandika 0 8/10 itakuonyesha 4/5, na uende umueleze mzazi.

Nukta nayo ni mtego. Kwetu desimali ni koma. Kwenye masini yangu ya Kifaransa niliandika 2.5 kwa nukta, bei ya dola mbili na nusu, ikawa 02-mai. Tumia koma, ama ile nukta ya upande wa namba, kule kulia mwa klavie, inageuka koma yenyewe.

Na faili za CSV, yaani listi za maneno matupu yaliyotengwa kwa koma ama alama nyingine, zile unapewa na watu wa mashirika: usizifungue kwa kubonyeza mara mbili. Ukibonyeza mara mbili Excel inaamua yote kabla hujaona kitu, na ukisavu umeharibu. Fungua Excel tupu, "Données", "À partir d'un fichier texte/CSV", na pale juu inapouliza kuhusu aina za data chagua "Ne pas détecter les types de données". Kila kitu kinaingia kama maneno, kisha wewe unaamua.

Watu wananiuliza, si kuna kitufe cha kuzima hii kitu? Kwenye Excel mpya, toka 2023, ukienda Fichier, Options, Données, utakuta sehemu ya kuzima baadhi: kuondoa sifuri ya mbele (namba zetu za simu 099 na 081 zinakufa hivyo kila siku), kukata namba ndefu baada ya tarakimu 15, na kugeuza herufi zilizoshikana na namba kuwa tarehe. Zima, inasaidia. Lakini 8/10 haimo, 8/10 bado itakuwa oktoba. LibreOffice Calc, ambayo ni ya bure, inakuacha uende mbele zaidi, kwenye mipangilio ya lugha kuna mahali pameandikwa mifano ya tarehe inayokubali, ukifuta ule wa siku na mwezi peke yake, 8/10 inabaki ulivyoandika. Kwa hilo naiheshimu sana.

Na usifikiri ni sisi wa vibandani tu. Wataalamu wa jeni, watu wa maabara kubwa za dunia, walikuwa na jeni zinaitwa MARCH1 na SEPT1, Excel ikazigeuza machi na septemba. Uchunguzi uliotoka 2016 ulikuta karibu makala moja kati ya tano, kati ya zile zilizoambatanisha listi za jeni za Excel, ina makosa ya namna hiyo. Mwaka 2020 wale wanaosimamia majina ya jeni za binadamu wakachoka, wakabadilisha majina yenyewe, leo ni MARCHF1 na SEPTIN1. Jeni imebadilishwa jina! Nilivyosoma hiyo nilikaa kimya muda, nikasema kumbe sikuwa mjinga peke yangu.

Lakini ndugu yangu, hiyo si sababu ya kulegea. Masini haijui mtoto, wewe unamjua. Ukiona kolone ina 1 thelathini, simama. Usiseme mtihani ulikuwa mgumu, wewe si mwalimu, chukua daftari, linganisha majina matano ya juu, matano ya katikati, matano ya chini. Na wakubwa wakikusukuma na "kesho asubuhi, kesho asubuhi," uwe na ujasiri wa kusema hapana, saa sita. Mimi sikusema.

Kama zimeshageuka tayari na daftari imerudi kwa mwalimu, kuna njia. Juu ya 10 tumia JOUR. Juu ya 20 tumia MOIS, inayotoa mwezi, si JOUR, na zile zilizobaki maneno ukate tarakimu mbili za mbele: =SI(ESTNUM(A2);MOIS(A2);GAUCHE(A2;2)*1). Tengeneza kwenye kolone ya pembeni, usiandike juu ya ile ya zamani. Wenye sifuri na wenye nusu pointi, kama 7,5/20, uwaangalie kwa macho na uwaandike kwa mkono, formula itawakosea.

Dada wa Likasi nilimutumia hiyo formula saa tano usiku. Alinyamaza muda, nikadhani amelala. Kisha akatuma picha mpya, kolone imerudi namba, na chini yake ameandika: "Yaya, wenye nusu ni watatu. Nimemuita mwalimu, ananisomea."