Saladi ya bata mzinga iligeuka rojo

SWALI: Mpishi, salamu kutoka Jinja. Krismasi iliyopita tulibakiwa na kifua kizima cha bata mzinga. Usiku wa tarehe 26 nilikikatakata, nikachanganya na nanasi la Kayunga, matango, nyanya na ndimu, nikaweka kwenye friji. Asubuhi nyama ilikuwa imelegea kama imetafunwa, na chini ya bakuli maji yamejaa. Mume wangu anasema nyama ilikuwa imeoza. Ni kweli?

JIBU: Dada, kwa unavyoeleza, mwambie shemeji asiisingizie nyama. Mkosaji ni nanasi. Nanasi lisilopikwa lina kimeng'enya kiitwacho bromelini, na kazi yake ni kuvunjavunja protini. Jikoni tunalitumia kulainisha nyama ngumu ya ng'ombe, tena kwa muda mfupi tu. Wewe umeliacha usiku kucha na kifua kilichokwisha kuiva!

Nanasi lenyewe usiliache. Likate vipande vyembamba, uvikaushe kwenye kikaango cha moto bila mafuta mpaka vipate rangi pande zote na joto lipenye ndani. Moto unakiua kimeng'enya, na sukari ikiungua kidogo utamu unazidi. Mimi hata nanasi bichi sirudii tena. Ukilitaka bichi, litie mezani, watu wakiwa wameshika sahani.

Maji yametoka kwenye matango na nyanya. Toa mbegu, nyunyiza chumvi, acha dakika 15 kwenye chujio, kisha kamua.

Sasa kifua. Kikate kikiwa kimepoa. Tazama nyuzi zinaelekea wapi, upitishe kisu kwa kuzikingama; ukikata kwa kuzifuata, kila tonge litakuwa la kutafuna kamba. Changanya nyama peke yake na mafuta, haradali kijiko kimoja na maji ya ndimu, ikae dakika 10 ndipo mboga zifuate. Onja chumvi saladi ikiwa baridi, maana ubaridi unaififisha. Paja liache: mafuta yake huganda yakakushika mdomoni. Hilo ni la mchuzi wa karanga.

Lakini nami nina swali langu: huyo bata alikaa mezani muda gani? Krismasi kwetu wageni wanaingia mpaka jioni na sinia liko wazi. Saladi hairudi tena motoni, kwa hiyo nyama iingie friji ndani ya saa mbili tangu ipakuliwe, imetolewa mifupa na kutandazwa kwenye vyombo visivyo na kina ili ipoe upesi. Iliwe ndani ya siku tatu, nne mwisho. Umeme ukikatika, usifungue mlango: friji iliyofungwa huhifadhi ubaridi kama saa nne. Umeme ukichelewa kurudi zaidi ya hapo, nyama hiyo itupe hata kama hainuki, maana vijidudu vinavyoumiza tumbo si lazima vitoe harufu.