Nyumba nimenunua kweli, ila msinipigie hesabu za milioni mia nane

Shikamooni wakubwa, wadogo zangu mambo vipi. Maswali yenu yote kuhusu hii nyumba nimeyaona, wengine mmenipigia, wengine mmemtuma mama aniulize kwa upole, na shemeji yeye ameandika wazi kwenye grupu la familia kwamba mtu mwenye nyumba ya milioni mia nane Texas anashindwaje kupaua nyumba ya mama Kibaha. Sijakasirika shem, ningekuwa huko ningeuliza hivyo hivyo. Ila nataka nijibu mara moja kwa wote na nijibu kwa namba, maana nikisema tu "huku maisha magumu" mnaona nawapiga chenga.

Bei ya nyumba ni dola 330,000. Hizo ndio milioni mia nane zenu na chenji. Mimi na baba watoto tulizotoa mfukoni ni 30,000 za kianzio, tumejichanga miaka mpaka tukazipata, halafu zikaenda nyingine kama elfu 9 za makaratasi, maana siku ya kusaini kila mtu ana ada yake, aliyekagua hati, aliyethamini nyumba, aliyeandika mkopo, wote wanakula hapo. Zilizobaki 300,000 ni za benki, riba asilimia 7, miaka 30. Kwa hiyo ile siku mliyoniona na funguo kwenye stetasi, sehemu iliyokuwa yangu kweli kwenye hii nyumba ni jiko na kibaraza cha nyuma labda.

Sasa kuna kitu watu wengi huku wanasaini bila kukiangalia. Sheria ya Marekani inataka upewe makaratasi ya mwisho ya mkopo siku 3 za kazi kabla ya kusaini, na ukurasa wa 5 pale juu kuna kijisanduku kinaonyesha jumla ya hela yote utakayokuwa umelipa mpaka mkopo uishe. Yangu ilikuwa inapita 735,000. Nilirudia kuisoma. Ukitoa ada na bima ya mkopo (hiyo nitaieleza chini) inabaki kama 718,500, yaani 300,000 nilizokopa na 418,500 ya riba peke yake. Chini kidogo wanaandika pia hiyo riba ni asilimia ngapi ya mkopo, imeandikwa karibu 140. Yule wakala aliyetuhudumia akafungua ukurasa huo na kuufunga haraka, akaenda moja kwa moja kwenye malipo ya mwezi, kwa sababu malipo ya mwezi ndio yanayokufanya useme "hii naweza".

Malipo ya mwezi ya mkopo ni dola 1,996. Mwezi wa kwanza katika hizo 1,996, riba ilikuwa 1,750 na deni lenyewe likapungua 246. Mia mbili arobaini na sita jamani. Mwaka mzima wa kwanza tumelipa karibu elfu 24, deni likashuka elfu 3 na kidogo tu. Tukifika miaka 5 tutakuwa tumelipa karibu 120,000 na bado tutadaiwa 282,400. Miaka 10 tumelipa karibu 240,000, tunadaiwa 257,400. Mwezi ambao sehemu ya deni itaanza kuwa kubwa kuliko sehemu ya riba unakuja baada ya miaka 20 kupita, mwaka wa 21. Nilisaini nina 41, pigeni wenyewe.

Na hapa niseme, benki haijaniibia, maana kuna watu huku wanalalamika eti "wanachukua riba yao kwanza". Hapana, riba inahesabiwa kila mwezi kwenye deni lililobaki, asilimia 7 ya laki tatu ni 21,000 kwa mwaka, gawa kwa 12 ndio hiyo 1,750. Mwanzoni deni ni kubwa kwa hiyo riba ni kubwa, na kwa kuwa malipo hayabadiliki kinachobaki kwa ajili ya deni ni makombo. Ndio maana dola moja ya ziada ukiitupia mapema ina nguvu kuliko dola hiyo hiyo mwaka wa 25. Tukiongeza dola 200 kila mwezi mkopo unaisha kama mwaka wa 23 badala ya 30 na tunaokoa zaidi ya 110,000 za riba. Ila lazima uwaambie kabisa kwamba hii ni ya kupunguza deni, usipowaambia wanaweza kuihesabu kama malipo ya mwezi ujao. Kwa hiyo shemeji ile ovataimu yangu ya Jumamosi unayoisikia kila siku, inaenda huko.

Na kuna bahati ya mwaka tu. Januari 2021 wastani wa riba za mikopo ya miaka 30 huku ulishuka mpaka 2.65, haijawahi kutokea, halafu Oktoba 2023 ukafika 7.79. Mwenzangu wa kazini alikopa laki tatu hizo hizo 2021 kwa asilimia 3. Yeye analipa 1,265 kwa mwezi mimi 1,996, tuko wodi moja, mshahara mmoja, na mpaka mwisho tutakuwa tumepishana dola 263,000. Watu wanasema riba zikishuka utabadilisha mkopo, sawa inawezekana, ila kubadilisha kuna ada tena elfu kadhaa, na ukichukua mpya wa miaka 30 unaanza upya pale kwenye makombo, hilo huwa hawalisemi kwenye matangazo.

Mpaka hapo nimeongelea mkopo tu. Nyie huko kodi ya jengo mnakatwa buku jero kwa mwezi kwenye LUKU na mnalalamika, mimi huku upande wa Katy, nje kidogo ya Houston, kodi hiyo ya jengo ni kama dola 6,000 kwa mwaka, yaani 500 kila mwezi. Texas haina kodi ya mshahara ya jimbo, watu wanahamia kwa sababu hiyo, ila shule na kaunti zinaendeshwa kwa hela ya nyumba zetu. Kila mwaka wanakuletea barua nyumba yako sasa ina thamani gani kwa macho yao, ukiona wamezidisha unaenda kupinga, kawaida mwisho ni tarehe 15 Mei. Mimi napinga kila mwaka. Halafu bima ya nyumba dola 300 kwa mwezi. Halafu kuna bima ya mkopo wanaiita PMI, 150 kwa mwezi, hii inamlinda mkopeshaji nikishindwa kulipa, ila ninayeilipia ni mimi, kosa langu ni kwamba kianzio hakikufika asilimia 20. Naweza kuomba iondolewe deni likishuka mpaka asilimia 80 ya bei ya nyumba, kwa kasi ya kawaida hiyo ni karibu mwaka wa 9. Ongeza 60 ya chama cha wenye nyumba wa mtaa, hao nao majani yakirefuka mbele ya nyumba wanakutumia barua na faini. Jumlisha, elfu 3 na kidogo kila mwezi kabla sijawasha taa.

Kitu kilichonitoa jasho zaidi lakini ni eskro. Ile kodi na bima huwa hulipi mwenyewe, kampuni inayosimamia mkopo inakusanya kila mwezi inaweka kwenye akaunti inaitwa eskro halafu inalipa yenyewe. Watu wanasema "riba yangu haibadiliki kwa hiyo malipo hayabadiliki", wapi! Mwaka wa pili bima ikapanda kodi nayo ikapanda, kwa pamoja 1,380 kwa mwaka. Ikaja barua kwamba eskro yangu ina upungufu, nilipe 1,380 kwa mkupuo au waigawe miezi 12. Nikasema igawanyeni, nikidhani ni 115 basi. Kumbe ni 115 ya kufidia mwaka uliopita na 115 nyingine kwa sababu mwaka unaokuja nao gharama ni ile mpya, malipo yakaruka dola 230 kwa mwezi ghafla. Huo ndio mwezi ambao mama aliambiwa "subiri kidogo" na mkaanza kusema nimebadilika.

Matengenezo nayo. Mpangaji AC ikifa anampigia mwenye nyumba, mwenye nyumba ni mimi sasa, na Houston mwezi wa 8 bila AC hulali. Kubadilisha mtambo mzima ni kuanzia elfu 8 kwenda juu. Udongo wa huku ni mfinyanzi unavimba mvua ikinyesha na kunywea jua likiwaka, misingi inapasuka, ukiona mlango umeanza kugoma kufunga roho inakuruka. Bima ya upepo na mvua ya mawe unayo, lakini yangu inasema asilimia 2 ya thamani iliyokatiwa bima unaanza kutoa wewe, kama 6,600, ndio wao waongezee. Mafuriko hayamo kabisa kwenye bima ya kawaida, unakata nyingine, na ile ya serikali huwa inaanza kufanya kazi baada ya siku 30, kwa hiyo huwezi kusubiri uone kimbunga kwenye televisheni. Watu wa hapa walijifunza hilo kwa kimbunga Harvey, Agosti 2017, nyumba zilijaa maji kwa watu ambao hata hawakuwa kwenye eneo lililochorwa la mafuriko.

Na kabla mtu hajaniambia eti serikali inakurudishia riba kwenye kodi ya mapato, inategemea. Wanandoa 2024 tulikuwa tunapewa punguzo la kawaida la 29,200 kwenye kipato kinachokatwa kodi, bila kuuliza, na riba inakusaidia tu kama gharama zako ukiziorodhesha zinazidi hapo. Riba yetu ya mwaka kama 20,900 ukiongeza kodi ya jengo 6,000 haifiki hapo, kwa hiyo hatukupata hata senti zaidi ya aliyepanga.

Sasa kwa nini tulinunua? Nyumba ya aina hii kupanga hapa ni kama 2,300, kwa hiyo kwa miaka hii ya mwanzo nalipa zaidi ya mpangaji, nisiwadanganye. Ninachokipata ni kwamba ile 1,996 itabaki 1,996 mpaka 2053, wakati kodi ya kupanga tulikuwa tunapandishiwa kila mkataba ukiisha na tumehama shule za watoto kwa ajili hiyo. Na tumekubaliana hatuondoki. Kwa sababu ukiondoka mapema umeliwa: baada ya miaka 3 deni litakuwa limeshuka chini ya elfu 10, ukiuza kwa bei ile ile madalali na gharama zikila asilimia 6 hiyo ni kama elfu 20 imeondoka, unatoka na hasara hata kabla ya kukumbuka elfu 9 za mwanzo. Kama uko huku na hujui kibali chako kitaishaje au kazi itakupeleka jimbo gani, panga tu, wala usione aibu kwa picha za watu. Na ukishindwa kulipa, Texas nyumba zinapigwa mnada Jumanne ya kwanza ya kila mwezi, mahakama haihitajiki kwa mikopo mingi kama huu wangu, miaka yako yote ya kulipa haiwahusu.

Ami aliniuliza faragha kuhusu riba kwa upande wa dini, hilo nalo nitalijibu hapa hapa maana wako wengi wenye swali hilo. Zipo taasisi za Kiislamu huku zinazonunua nyumba kwa musharaka, mnamiliki pamoja, unanunua fungu lao kidogo kidogo na kulipia matumizi ya sehemu yao. Roho inatulia, na hilo si dogo. Ila mfukoni malipo ya mwezi yanakaribiana sana na ya benki, na kodi na bima ni zile zile, asije mtu akadhani itakuwa nusu bei.

Mwisho binamu wa Mbezi, wewe unayesema benki imekubali kukupa milioni 100 ya nyumba kwa asilimia 15 miaka 20 na unataka kuachana na kujenga kwa tofali za awamu. Riba za nyumba Bongo zinacheza kati ya 13 na 19 kwa hiyo hawajakuonea, ila piga hesabu: ni kama 1,317,000 kila mwezi, jumla milioni 316. Hiyo ni kama riba inahesabiwa kwenye salio linalopungua. Kama ni flati, yaani 15 ya milioni 100 kila mwaka mpaka mwisho, inakuwa milioni 400. Waulize ni ipi, uliza pia riba ni ya kudumu au wanaweza kuipandisha katikati, bima na ada za kusajili hati analipa nani, na ukipata hela ukalipa mapema kuna faini au hakuna. Usikubali kujibiwa kwa mdomo. Omba ile ratiba ya malipo mwezi kwa mwezi yenye safu ya riba na safu ya deni, benki yoyote inaweza kuiprinti. Piga picha kurasa zote unitumie, nitaipitia Jumapili, Jumamosi niko shifti.