Mwanangu Idi, kuhusu yule baba wa Tokyo

Mwanangu Idi,

Ile filamu uliyonitumia, Tokyo Sonata, nimeitazama yote, mdogo wako akinitafsiria. Umeniuliza, maadamu kampuni imekupunguza, uchukue ile kazi ya ghalani au usubiri ya hadhi yako. Nitafika huko.

Yule baba wa kwenye filamu, Sasaki, kazi yake ya ofisini inahamishiwa China, naye kila asubuhi anavaa suti, anabeba mkoba, anaaga. Kumbe anakwenda kupanga foleni ya chakula cha bure. Na yule rafiki yake ameitegesha simu ilie yenyewe, aonekane ana shughuli! Filamu ni ya 2008, lakini sisi hayo tuliyaona miaka ya tisini, viwanda vya Tanga vilipokuwa vikifungwa.

Marehemu baba yako alikuwa karani wa stoo, unavikumbuka vidole vyake, wino wa kaboni hautoki hata kwa sabuni. Jioni moja namshikia birika anawe, naona vidole safi hadi kwenye kucha. Kesho yake vilevile. Nikajua. Nikaendelea kumpigia shati pasi, naye akaendelea kuaga, mpaka mlipofunga shule ndipo akasema. Linaniuma hadi leo, Idi. Si mshahara, ni vile alivyokuwa akila chakula changu kama mgeni.

Mke wa Sasaki naye alishamwona kwenye foleni, akanyamaza. Nasema siku zote, nyumba haina siri. Utaniuliza, mbona nawe ulinyamaza? Nilikuwa namtunzia heshima yake. Lakini heshima gani hiyo, mtu kuzunguka juani kutwa? Na ningesema je, angebaki na nini? Bado nabishana na nafsi yangu.

Baadaye Sasaki anasafisha vyoo vya jengo la maduka. Anakutana na mkewe palepale, anatimua mbio. Ila mwisho anaingia kwake na ovaroli ile ile, anakaa na mkewe na mwanawe, wanakula. Hapo nilimpenda. Nyumba haina siri, basi mtu ale kwake akiwa yeye.

Kuhusu ghala, ulimi unaniwasha. Mshahara wa ghalani nao hununua unga. Lakini wewe ni mtu mzima, una mji wako, sitakuamulia. Ila mkeo Rehema mwambie leo hii. Jumamosi nitampigia kumjulia hali, na mimi mkwe wangu simfichi jambo.

Mama yako